Goti la Mzee wa Japani

Watu wa Japani, nimekuja kusoma baadaye, hawajaacha kugombana juu ya mwandishi wao mmoja. Wapo wanaosema hakuna aliyeiandika lugha yao vizuri kumzidi. Wapo wanaosema alilisifu jeshi lililowaletea maangamizi, na kwamba kwa jinsi alivyokufa aliwafundisha vijana kulipenda kaburi. Mimi nami ninao ugomvi wangu naye, na si wa fasihi. Mtu huyo alikaa kwetu miaka mingi bila yeye kujua, akanikosesha usingizi, na siku moja nusura mtoto wetu apewe jina lake.

Kitabu chake kilitufikia Arua mwaka 1979, serikali ya wanajeshi ilipoanguka na kila mwenye miguu akawa anafunga mzigo. Mwalimu mmoja mgeni alikuwa akigawa vitu vyake kabla ya kuondoka. Wenzetu walichukua sufuria na magodoro. Baba yangu, karani wa jeshi, alichukua chupa ya chai na riwaya moja ya Kijapani iliyotafsiriwa kwa Kiingereza, kwa sababu jalada lake lilikuwa na picha ya askari ameketi juu ya sanduku. Mama alimuuliza kama kitabu kinachemshwa au kinakaangwa. Baba alikuwa na goti bovu tangu lori la jeshi lilipopinduka naye, na mama aliona mtu mwenye goti kama lile hana haki ya kubeba hata sindano isiyo na kazi.

Sisi ni watu wa Midia, huko Koboko, karibu na mpaka, na Koboko yote ilijulikana kuwa nyumbani kwa askari wa serikali ile. Mwaka uliofuata, watu walipoanza kuja kulipiza kisasi, hatukuwa na uwongo wa kuwaambia. Tulivuka kwenda upande wa Kongo na kuku wawili, bibi yetu mzaa baba, chupa ya chai, na kile kitabu. Nilikuwa msichana wa shule ya msingi, na kwa kuwa sikuwa na kingine cha kusoma, nilikisoma. Nilianzia nyuma, kwenye picha ya mwandishi. Alikuwa mwembamba, nywele zimekatwa kama za kuruta. Chini ya picha palikuwa na mistari michache ya maisha yake, na mstari wa mwisho ulisema kwamba alijiua.

Mdogo wake baba, ambaye namwita baba mdogo, alikuwa koplo. Katika kambi ya wakimbizi kule ng'ambo aliwazika mke wake na binti yao katika wiki moja, kwa ugonjwa wa kuhara. Baada ya hapo aliacha kusema. Hakula mpaka umtie bakuli mkononi. Mchana mmoja, kwa sauti ya mtu anayeomba chumvi, alimwambia baba, "Kaka, mimi nachoka kuwa mutu."

Baba alikunja mkeka wake na kuhamia kwenye kibanda cha ndugu yake, akamwachia mama kibanda chetu. Kuanzia siku hiyo niliishi roho juu juu. Nikitumwa kuni nilirudi mbio, na kabla ya kutua mzigo nilichungulia kwanza kule kwa baba mdogo, nione kama bado ameketi.

Wanaume wa kambi, waliokuwa askari juzijuzi tu, walipata kazi ya kumenya karanga za mfanyabiashara mmoja wa Kikongo. Baada ya adhuhuri waliketi chini ya paa la nyasi lisilo na kuta, vidole vikifanya kazi na vichwa vikifikiri mabaya. Baba aliviogopa vichwa hivyo, kimoja kuliko vyote. Ndipo alipokitoa kitabu. Kabla ya kukipeleka alikivika karatasi ngumu ya mfuko wa saruji, akaibandika kwa ugali wa muhogo kila upande, kama tunavyovika madaftari ya shule. Picha na ile mistari ya nyuma vikapotea. Mimi nilidhani anakinga kitabu na mvua.

Alisoma sentensi moja kimya, midomo ikitembea, halafu akaitoa kwa Kiswahili cha kambi ya jeshi. Kilikuwa kisa cha ofisa kijana anayerudi kijijini kwao baada ya nchi yake kushindwa vita, na kukuta mto umeichukua nyumba. Wanaume walisikiliza kama wazee wa baraza wanaosikiliza kesi. Waliuliza cheo chake, wakauliza kama alilipwa mshahara wa mwisho. Walikasirika kwamba aliingia kwa mama yake mikono mitupu, bila hata sukari. Baba mdogo alimenya karanga na kutazama chini, na hakuna aliyejua kama anasikia.

Kulikuwa na mmoja aliyekuwa dereva wa jeshi, mtu wa ubishi tangu kuzaliwa. Mwandishi alipoanza kulisifu jeshi lile lililoshindwa, dereva alitupa maganda na kusema jeshi ndilo limewaleta hapa kumenya karanga za watu, sasa huyu analiimba kwa nini. Mwingine akajibu kwamba bila jeshi dereva asingejua viatu. Walikaribia kushikana mashati. Kumbe hata Wajapani wenyewe walikuwa wakigombana vivyo hivyo, ila wao bila karanga.

Dereva ndiye aliyeuliza, "Na huyu mwenye kuandika, sasa iko wapi?"

Baba hakumtazama dereva. Alimtazama mdogo wake.

"Iko kwake," akasema. "Iko muzee sasa. Analima mpunga."

Nilikuwa nimeketi pembeni nikipepeta karanga, nami nilisikia kila neno. Jioni ile baba aliniita nyuma ya kibanda na kuniuliza kama nilisoma maandishi ya nyuma. Nikasema nilisoma. Akaniambia nifunge mdomo wangu. Baba mdogo akisikia kwamba askari wa kwenye karatasi ametungwa na mtu aliyejiua, na watu wa nchi kubwa bado wanamsifu, atasema basi hiyo ndiyo njia. Sikuwahi kumwona baba akiogopa risasi, na zilikuwepo. Siku hiyo nilimwona akiogopa, na woga wake ukaniingia ukakaa.

Njia ya mwongo ni fupi, husema Waswahili. Ya baba ilikuwa ndefu mno. Kila mchana, kabla ya kusoma, wanaume walitaka habari za mzee wa Japani, na baba aliwaletea, akisema amezisikia kwenye redio ya Kiingereza. Mzee ana goti linalomsumbua mvua ikikaribia. Mke wake anamgombeza kwa sababu ya bata aliyemnunua, bata asiyetaga. Maji yameingia shambani, ametoka mwenyewe na jembe. Kuandika hakuandiki tena, mkono umechoka, lakini anakula vizuri. Kitabu kilipokaribia mwisho baba alirudi ukurasa wa kwanza, akaeleza kwamba vitabu vya Japani husomwa hivyo, havimalizwi. Wakamwamini. Waliwahi kusikia mengi ya ajabu zaidi kutoka kwa makamanda wao.

Mara moja dereva alitaka kubandua ile karatasi ya saruji ili waione sura ya mzee. Alikwisha kuinua pembe yake kwa ukucha. Baba alikichukua kitabu mkononi mwake, akakiweka chini na kukikalia. Akasema kitabu bila koti ni kama askari bila mkanda. Wakacheka, isipokuwa mimi.

Kisha ukaja mchana mmoja, msimu wa pili wa karanga, baba amechelewa kuanza. Baba mdogo hakuwa amesema neno mbele ya watu tangu mazishi. Aliinua kichwa.

"Goti ya muzee imepona?"

Vidole vyote vilisimama. Baba alitazama kitabu, kana kwamba jibu liko humo.

"Bado," akasema. "Lakini anatembea."

Baba mdogo akaitikia kwa kichwa, akaendelea kumenya. Jioni ile alifuata bakuli lake mwenyewe. Mama alilia juu ya chungu, na alipoulizwa akasingizia moshi.

Baba alifariki kule kule ng'ambo, miaka michache baadaye, kwa homa iliyomshika tumbo na kukataa kutoka. Alifia kitandani, mchana, watu wamejaa, ndugu yake amemshika mkono. Tulimzika kando ya shamba la mtu, kwa sala fupi. Sikuwa hata nimemaliza kulia vizuri baba mdogo aliponijia na kuketi karibu nami. Nilidhani anakuja kunifariji. Akaniuliza kwa upole, habari za mzee sasa nani atatuletea.

Hapo ndipo niliporithi mali ya baba. Wengine hurithi ng'ombe. Mimi nilirithi Mjapani aliyekufa, nimlishe awe hai. Nikasema hajambo, goti linamsumbua mvua ikija.

Nilimlisha miaka yote iliyobaki ya kambi, na hata tuliporudi Midia nchi ilipotulia. Baba mdogo alipata kipande cha shamba akalima tumbaku, akaoa tena, mwanamke mcheshi wa Koboko mjini aliyemsukuma kuishi kwa kumtania. Mimi nilikwenda Arua kusomea ualimu, nikapata kazi Manibe, nje kidogo ya mji huo. Kila likizo, salamu zikiisha, swali lilikuwa lile lile. Nilifikiria kumuua mzee kwa heshima, kwa uzee tu, amelala asubuhi hakuamka. Hesabu ilikubali, maana kwa hesabu yetu alikuwa mkongwe. Lakini nikitazama uso wa baba mdogo namna unavyofunguka akiuliza, nilimwongezea mzee msimu mwingine. Ningejuaje kwamba hatamfuata?

Arua, kwenye kimaktaba cha kanisa, niliokota gazeti la zamani lililoeleza ule ugomvi wa Wajapani. Wengine wanataka nyumba yake itunzwe, wengine wanaona vitabu vyake viondolewe shuleni. Nilisoma nimesimama, na hasira ikanipanda mpaka masikioni. Nilimwambia kimoyomoyo: wewe ulikuwa na paa la vigae na maji ya bomba, ukaondoka, ukaniachia mimi kazi ya kupumua kwa niaba yako. Hasira ilipotulia niliona haya. Sijui mzigo aliobeba. Baba mdogo naye, ukimtazama kwa mbali kule kambini, ungesema ni mtu anayemenya karanga.

Mwanzoni mwa miaka ya tisini mke wa baba mdogo alijifungua mtoto wa kiume. Dereva wa lori la tumbaku aliniletea ujumbe shuleni: mama na mtoto wazima, siku ya jina nisikose, mtoto ataitwa jina la mzee wa Japani, na bibi ameagiza kwamba mimi ndiye nitakayejibu.

Nilikaa chini kwenye ngazi ya darasa. Nieleze kwa nini. Nyumbani kwetu jina haliokotwi njiani. Bibi, ambaye ndiye mwenye kuita majina, akitajiwa jina la mtu humuuliza anayemjua mwenye jina: aliishi vipi, na kama amekufa, alikufa vipi. Mwenye kujibu humpakata mtoto wakati anajibu. Na jina la mtu aliyejiua halitamkwi uani. Hata jembe lake huachwa nje ya boma mpaka kondoo achinjwe, na hapo bado wenye akili hawalishiki. Sisi ni Waislamu, na sheikh hakupenda sana mambo hayo, lakini hata sheikh alipewa jina na bibi huyo huyo.

Njia nzima hadi Koboko, nimeketi juu ya magunia, nilijifunza uwongo wangu kama kijana anayejifunza hotuba ya posa. Yu hai, ni mkongwe, ana wajukuu. Baba alisema hivyo, nami nitasema hivyo. Halafu nikamfikiria mtoto akiwa mkubwa, anaketi darasani, mwalimu anafungua kitabu na kumwambia mwenye jina lako alijiua. Halafu nikamfikiria baba mdogo. Nilizunguka hapo hapo mpaka vumbi likanijaa kinywani. Kokote nilikogeukia niliona mtu wangu mmoja anaharibikiwa.

Uani kwa baba mdogo palikuwa pamejaa. Kondoo wa akika amefungwa kando, sheikh ameketi kwenye kiti cha pekee chenye mgongo, wanawake wanakoroga sufuria na kutaniana. Dereva wa ubishi naye alikuwepo, amenenepa. Baba mdogo alivaa kanzu mpya na alikuwa akicheka. Sikumbuki kumwona akicheka vile tangu kabla hatujakimbia, na sikufurahi hata kidogo. Niliogopa.

Bibi alikuwa haoni vizuri tena. Alinipa mtoto, nikampakata. Alikuwa mwepesi na moto, amelala, mdomo wake unanyonya hewa.

"Wewe ndiyo iko na kusoma," bibi akasema. "Mwenye jina iko hai ao alikufa?"

Nilikuwa nalo jibu tayari. Nilifungua kinywa. Mtoto akajinyoosha, akashika kidole changu, na ule uwongo niliokuja nao kutoka Arua ukakataa kutoka.

"Alikufa," nikasema. "Alikufa zamani, hata sisi tulikuwa bado kukimbia."

"Alikufa namna gani?"

"Kwa mkono yake mwenyewe."

Mwanamke mmoja aliondoa mwiko kwenye sufuria akausimamisha hewani. Sheikh alisema tunajikinga kwa Mungu. Baba mdogo alinitazama, kicheko bado hakijamtoka usoni vizuri. Akasimama, akapita katikati ya watu, akaelekea nyuma kwenye shamba la tumbaku.

Hakuna aliyemzuia, kwa kuwa kila mtu alimngoja mwenziwe. Mimi nilikimbia na mtoto mikononi, kichwa nimemshika, nikiita, "Baba mdogo, baba mdogo," na moyoni nikimwomba Mungu na kumlaani yule Mjapani kwa zamu.

Nilimkuta kwenye kitalu cha miche. Alikuwa ameshika ndoo, ananyunyiza maji kwa mkono, ingawa miche ilikwisha kunyweshwa asubuhi na udongo ulikuwa bado umelowa. Nilisimama mbali kidogo. Sikuthubutu kusogea wala kurudi.

"Baba yako alijua?" akauliza, hakugeuka.

"Alijua."

"Tangu mwanzo?"

"Tangu ile siku dereva aliuliza. Kabla ya hapo pia. Ndiyo sababu alivika kitabu karatasi."

Alinyunyiza tena. Nilimweleza kwamba baba alimwogopea, kwamba sote tulimwogopea, kwamba hata sasa namwogopea. Nikasema kwamba kitabu ninacho kwenye mkoba, akitaka nimsomee mwisho wake, ule ambao baba hakuwahi kuufikia.

"Hapana," akasema. "Ile ya kaka inatosha."

Akaweka ndoo chini. Akauliza, kama mtu anayejisemea, ni nani nyumbani kwetu aliyekuwa na goti la kuuma mvua ikija. Sikumwelewa. Akauliza ni nani aliyenunua bata asiyetaga, kule Arua, mke wake akamsema mwezi mzima. Nikamwelewa hapo: baba alikuwa akijisimulia mwenyewe. Bata yule nilimkumbuka. Nilikuwa mdogo sana, na mama alimpa bata jina la ofisa mmoja mvivu. Miaka yote ile nilimlisha yule mzee na kumpandisha umri, na sikuwahi kumtazama usoni.

Baba mdogo alinyoosha mikono iliyolowa, akaifuta kwenye kanzu mpya, na kumchukua mtoto. Tulirudi uani yeye mbele, mimi nyuma. Watu waliinuka. Dereva, kwa mara ya kwanza nijuavyo, alimpisha mtu bila ubishi.

Baba mdogo alipiga magoti mbele ya mama yake, mtoto amempakata kama inavyotakiwa.

"Mama, niulize mimi," akasema. "Jina ingine."

Bibi akamuuliza mwenye jina aliishi vipi.

"Alikuwa karani. Alikuwa na goti mubaya, lakini alitembea. Alinunua bata haitagi, muke yake akamugombeza. Mimi nilichoka kuwa mutu, yeye akanisomea kitabu mpaka nikasikia njaa."

Uso wa bibi ulibadilika. Hakuhitaji kuambiwa, lakini desturi ni desturi, akauliza la pili.

"Alikufa namna gani?"

"Kwa homa, kwa kitanda, mchana. Mimi nilishika mkono yake."

Bibi alipapasa mpaka akapata paji la uso wa mtoto, akalitemea mate ya baraka, akatamka jina la baba yangu. Hakuwa amelitamka tangu tulipomzika ng'ambo.